Filamu Iliyobaki Wimbo: José Nepomuceno na kitendawili cha "filamu ya kwanza" ya Ufilipino

Tarehe 12 Septemba 1919, jijini Manila, watu walikata tiketi kwenda kuangalia filamu bubu iliyoimba. Kwenye kitambaa cheupe alionekana msichana muuza maua. Anafungua kinywa, midomo inacheza, na sauti inatoka. Haikuwa santuri wala mashine ya aina yoyote. Ilikuwa sauti ya msichana yuleyule, Atang de la Rama, mwenye miaka 17, aliyekuwa ukumbini kwa miguu yake akiifuatisha midomo yake mwenyewe. Piano, fidla na tarumbeta vilimsindikiza.

Filamu hiyo iliitwa Dalagang Bukid, yaani Msichana wa Shamba. Aliyeiongoza ni José Nepomuceno, mpiga picha wa studio aliyezaliwa Manila mwaka 1893, ambaye kwao wanamwita baba wa sinema ya Ufilipino. Nje ya nchi hiyo jina lake halitajwi, na hata huko kwao anajulikana kwa namna ya ajabu kidogo: cheo chake kinajulikana kuliko kazi yake. Huwezi kuwalaumu. Hakuna nakala ya Dalagang Bukid inayojulikana kuwapo popote duniani. Mkanda umepotea wote. Kilichosalia ni kile ambacho hakikuwahi kuwamo kwenye mkanda, yaani wimbo.

Kuna jambo jingine linalowatatiza wanaokutana na jina la Nepomuceno kwa mara ya kwanza. Filamu yake inaitwa ya kwanza, na mwaka 2019 serikali ya Ufilipino iliadhimisha karne moja ya sinema kwa kuhesabu tangu siku ile ya Septemba. Lakini ukifungua kitabu chochote cha historia ya Manila utakuta kamera zilishafika miaka ishirini na zaidi kabla yake. Sasa ya kwanza kwa vipi?

Waliotangulia

Tuanze na siku ya mwaka mpya, tarehe 1 Januari 1897. Kwenye mtaa wa Escolta, uliokuwa mtaa wa maduka ya kifahari, ukumbi ulioitwa Salón de Pertierra ulionyesha picha zinazotembea kwa mara ya kwanza. Zilikuwa vipande vifupi vifupi kutoka Ulaya: mtu na kofia yake, wanamasumbwi, ngoma ya Kijapani, uwanja wa Opera wa Paris. Siku mbili tu kabla ya hapo, tarehe 30 Desemba 1896, kwenye uwanja wa Bagumbayan palepale Manila, wakoloni wa Kihispania walimpiga risasi José Rizal, daktari na mwandishi ambaye riwaya zake zilikuwa zimewasha fikra za uhuru. Nchi ilikuwa tayari ndani ya mapinduzi. Sinema ilipofika Ufilipino ilikuta damu haijakauka, na watu wenye nauli ya kuingia Escolta kuangalia wanamasumbwi wa Ulaya hawakuwa wale waliokuwa wakiomboleza.

Mwaka uliofuata Mhispania mmoja, Antonio Ramos, alitoka na kamera ya ndugu Lumière wa Ufaransa na kupiga picha mitaa ya Manila, sikukuu ya Quiapo na daraja la Puente de España. Kwa hiyo ukiuliza filamu ya kwanza kupigwa katika ardhi ya Ufilipino, jibu linaangukia 1898, na aliyeshika kamera alikuwa askari wa mkoloni.

Mkoloni huyo hakudumu. Desemba 1898, kwa mkataba wa Paris, Hispania iliikabidhi Ufilipino kwa Marekani kwa dola milioni 20, na Wafilipino, ambao hawakuulizwa, wakajikuta kwenye vita vingine. Hapa kamera ikapata kazi mpya. Kampuni ya Edison ilitoa mwaka 1899 vipande vya mapigano ya Ufilipino: askari wa Kimarekani wanasonga mbele, Wafilipino wanakimbia kutoka kwenye mahandaki. Mahandaki hayo yalichimbwa New Jersey. "Wafilipino" waliokuwa wakikimbia walikuwa Wamarekani weusi waliovishwa nguo na kuambiwa wakimbie. Mtazamaji wa New York alilipa senti zake akaamini ameiona vita.

Mwaka 1904, kwenye maonyesho ya dunia ya St. Louis, zaidi ya Wafilipino 1,000 waliwekwa kwenye vijiji vya kuigiza ili wageni wawatazame. Halafu kuna Dean Worcester, mtaalamu wa wanyama kutoka Michigan aliyegeuka waziri wa mambo ya ndani katika serikali ya kikoloni. Alipotoka madarakani mwaka 1913 alizunguka Marekani akitoa mihadhara yenye picha na filamu za watu wa milimani wa Luzon, kisiwa kilicho na Manila, wakiwa na mavazi machache. Hoja yake ilikuwa moja: tazameni wenyewe, hawa wanaweza kujitawala? Alichokionyesha kilikuwapo. Alichokificha ni Manila yenyewe, yenye magazeti, wanasheria, vyuo vikuu na kumbi za maigizo.

Nimerefusha sehemu hii makusudi. Anayetaka kuelewa kwa nini Wafilipino wanashikilia mwaka 1919, na si 1897 wala 1898, ajiulize kwanza kamera ilikuwa imewafanyia nini kwa miaka hiyo ishirini.

Mbio za Agosti 1912

Kabla ya Nepomuceno kulikuwa na tukio moja ambalo lingeweza kumnyang'anya cheo. Mwaka 1912 Wamarekani wawili wenye biashara za sinema Manila, Edward Gross na Albert Yearsley, waligundua kila mmoja kwa wakati wake kwamba kulikuwa na hela kwenye maisha ya Rizal. Gross alikuwa amemwoa Titay Molina, mwigizaji wa jukwaani, na kikundi chao cha maigizo kilimpa waigizaji tayari. Alitengeneza filamu kuhusu maisha ya shujaa huyo. Yearsley alipopata habari alikimbilia tukio moja tu, la kupigwa risasi, akalipiga haraka haraka na kulifikisha ukumbini. Filamu zote mbili zilitoka Agosti mwaka huo, zikifuatana kwa siku za kuhesabika.

Hizi zilikuwa na hadithi, waigizaji Wafilipino na shujaa wa Kifilipino. Kwa nini zisiwe za kwanza? Kwa sababu mtaji, kamera na faida vilikuwa vya watu wengine. Mkono uliopiga risasi kwenye filamu ulikuwa wa Mhispania wa kuigiza, na mkono uliokusanya kiingilio ulikuwa wa Mmarekani wa kweli. Serikali ya kikoloni haikuwa na shida na hadithi hiyo, kwani iliwakumbusha Wafilipino ubaya wa bwana aliyeondoka bila kugusa bwana aliyekuja.

Wanahistoria hawakubaliani kabisa hapa. Nick Deocampo, ambaye ni mtengeneza filamu na pia mtafiti wa muda mrefu wa historia hii, amesisitiza kwamba huwezi kuielewa sinema ya Ufilipino ukifuta mizizi yake ya Kihispania na ya Kimarekani. Nakubaliana naye kwa upande wa mizizi. Ila mizizi ni kitu kimoja na hati ya kumiliki shamba ni kingine.

Mpiga picha auza studio

José Nepomuceno na ndugu yake Jesús walikuwa na studio ya picha Manila, iliyoitwa Parhelio. Hiyo ilikuwa kazi yenye heshima na mapato: familia zilikuja zimevaa vizuri, zikakaa mbele ya pazia lililochorwa, zikatoka na kumbukumbu ya ukutani. Nepomuceno aliiacha kazi hiyo. Mwaka 1917 alianzisha kampuni aliyoiita Malayan Movies, kwa vifaa alivyonunua kutoka kwa Wamarekani waliomtangulia.

Jina la kampuni lina uzito wake. Hakuiita ya Manila, wala hakuibandika jina la familia. "Malayan" lilikuwa neno la wasomi wa enzi za Rizal, waliopenda kujiona sehemu ya jamii kubwa ya Wamalay wa visiwa vile vyote, wakubwa kuliko mipaka waliyochorewa na Madrid. Mwaka mmoja kabla, 1916, bunge la Marekani lilikuwa limepitisha sheria iliyoahidi uhuru siku moja, bila kuitaja siku yenyewe. Wafilipino walikuwa wakiingia ofisi za serikali, wakichagua maseneta wao. Upepo ulikuwa unavuma upande wake.

Biashara nayo ilikuwa imefunguka kwa njia isiyotarajiwa. Vita Kuu ya Kwanza ilikausha filamu kutoka Ulaya, na za Kimarekani zikajaza kumbi. Mtu wa Manila aliyetaka kujiona kwenye kitambaa hakuwa na pa kwenda.

Nepomuceno hakukurupuka. Alianza na habari fupi fupi, matukio ya mjini, akijifunza mashine. Ilipofika wakati wa kutengeneza filamu ndefu ya hadithi, alifanya uamuzi ambao kwangu ndio unaoonyesha akili yake ya biashara na ya sanaa kwa pamoja: hakutunga kitu kipya. Alichukua onyesho lililokuwa linapendwa tayari.

Msichana wa shamba aliyekuwa mjini

Sarsuwela ni maigizo ya kuimba na kuzungumza, aina iliyoletwa na Wahispania karne ya 19. Wafilipino waliichukua na kuigeuza ya kwao kiasi kwamba mwanzoni mwa karne ya 20 sarsuwela ya Kitagalogi, lugha ya Manila na majirani zake, ndiyo iliyokuwa burudani kuu ya Manila na miji ya karibu. Hermogenes Ilagan, kutoka jimbo la Bulacan, alikuwa mmoja wa wakuu wa kazi hiyo, akiwa na kikundi chake mwenyewe. Dalagang Bukid ilikuwa yake, na muziki ulikuwa wa León Ignacio.

Hadithi yenyewe ni nyepesi na kali. Angelita anauza maua kwenye ukumbi wa dansi. Anampenda Cipriano, kijana anayesomea sheria. Wazazi wake wamezama kwenye kamari, na deni linawasukuma kumwoza binti kwa Don Silvestre, mzee tajiri mwenye kutoa riba. Mzee anataka Angelita ashinde shindano la urembo, basi ananunua kura. Siku ya kumvika taji inapofika, Cipriano, ambaye ndiyo kwanza amehitimu sheria, anamchukua mpenzi wake hadi kanisani, wanafungishwa ndoa, na Don Silvestre akipata habari anaanguka na kuzimia.

Tazama mambo yaliyomo humo: riba, kamari, kura za kununuliwa, mwanasheria kijana, ukumbi wa dansi. Hakuna mtu wa milimani aliyewekwa mbele ya kamera apimwe kichwa. Kuna mji, wenye ujanja na udhaifu wa mji wowote, ukijicheka wenyewe. Baada ya mahandaki ya New Jersey na mihadhara ya Worcester, hiyo haikuwa burudani tupu. Na sidhani Nepomuceno alihitaji kuandika tamko lolote kulisema hilo. Aliweka kamera mbele ya wachekeshaji wa Manila, basi.

Waigizaji walitoka jukwaani moja kwa moja. Atang alikuwa Angelita tayari kwenye sarsuwela, na Cipriano aliigizwa na Marceliano Ilagan, ndugu wa Hermogenes. Watazamaji waliokwenda Septemba 1919 wengi wao walikuwa wanaijua hadithi na wanazijua nyimbo. Walikwenda kuona vitu hivyo vikifanywa na nuru.

Kuimba na kivuli chako

Hapo ndipo tatizo la ufundi lilipokaa. Sarsuwela bila nyimbo ni wali bila chumvi, na filamu ya mwaka 1919 haikuwa na njia ya kubeba sauti. Nyimbo zingine zingeweza kuachwa, isipokuwa moja, "Nabasag na Banga", yaani "Mtungi Uliovunjika". Ni wimbo wa binti na mtungi wake wa maji, na hakuna mtu mzima ukumbini aliyedhani mtungi ule ni mtungi tu.

Basi Atang akaletwa ukumbini aimbe mwenyewe. Maelezo yaliyopokelewa yanasema aliimba nyuma ya kitambaa huku wapigaji watatu wakimfuata.

Linasikika kama jambo jepesi hadi ufikirie mashine zilivyokuwa. Kamera za wakati ule zilizungushwa kwa mkono. Mpiga picha alihesabu moyoni na kuzungusha mpini kwa mwendo mmoja, kama anayesaga kahawa, na mwendo huo ulibadilika akichoka au akisisimka. Ukumbini projekta nayo ilikuwa na mwendo wake. Mwenye ukumbi aliyetaka kuwahi onyesho la pili aliweza kuiharakisha kidogo. Kwa mwigizaji wa kawaida hilo lilimfanya atembee haraka tu. Kwa mwimbaji lilimaanisha kwamba kivuli chake kinaweza kumaliza ubeti kabla yake. Na mkanda ukikatika, kama ulivyokatika mara nyingi, kivuli kinaganda au kitambaa kinabaki cheupe, na sauti inaning'inia hewani. Leo mwimbaji anayefuatisha midomo kwenye video huifuata sauti iliyorekodiwa. Atang alifanya kinyume: midomo ndiyo iliyorekodiwa, sauti ndiyo iliyokimbizana nayo.

Msomaji aliyekulia kwenye vibanda vya video vya kwetu, pale mtafsiri anapokaa na kipaza sauti na kuwapa mabondia wa Hong Kong maneno ya Kiswahili, hatapata tabu kuelewa. Ukumbi unakuja kwa ajili ya filamu na pia kwa ajili ya mtu aliye hai anayeijaza.

Kuna kitu kinanikera kidogo kwenye masimulizi ya kawaida. Nepomuceno amekuwa baba, sawa, lakini Atang huwekwa kama pambo la hadithi, kisa cha kuchekesha cha binti nyuma ya kitambaa. Ukipima kwa haki, filamu ilikuwa na watu wawili wasioweza kubadilishwa. Bila Nepomuceno isingepigwa. Bila Atang isingekuwa Dalagang Bukid, ingekuwa picha za watu wanaofungua vinywa.

Miaka ya baadaye, kwa haraka

Mwaka uliofuata Nepomuceno alitoa mwendelezo, La Venganza de Don Silvestre, yaani kisasi cha yule mzee aliyezimia. Kichwa chake ni cha Kihispania, na filamu nyingine ya mwaka huohuo, Un Capullo Marchito, nayo ni hivyohivyo. Mji ulikuwa na lugha tatu zikigombania meza moja: Kihispania cha wasomi na wenye mali, Kiingereza cha shule mpya za Wamarekani, na Kitagalogi cha watu wengi. Filamu bubu iliweza kuwaendea wote, kwani kubadilisha lugha kulihitaji kubadilisha vibao vya maandishi tu.

Washindani walikuja. Vicente Salumbides alirudi kutoka Hollywood na mbinu za huko, akatoa Miracles of Love mwaka 1925. Nepomuceno naye hakulala: mwaka 1926, kwenye Tatlong Hambog, aliwapa watazamaji busu la kwanza la mdomo kwa mdomo katika filamu za nchi hiyo, kati ya Luis Tuason na Isabel Rosario Cooper aliyejulikana kama Dimples. Binti huyo baadaye aliingia kwenye historia kwa mlango mwingine kabisa, kama mpenzi wa siri wa Jenerali Douglas MacArthur, lakini hayo ni makala ya mtu mwingine. Mwaka 1930 ukaja Noli Me Tangere, kutoka riwaya ya Rizal, safari hii ikiwa mikononi mwa Mfilipino.

Mwaka 1932 kwenye Ligaw na Bulaklak alimweka mbele ya kamera kijana aliyekuja kuitwa Rogelio de la Rosa. Kijana huyo alipanda hadi kuwa nyota mkubwa, kisha mwaka 1957 akachaguliwa seneta. Tabia ya Wafilipino kuwapigia kura waigizaji, ambayo waandishi wa habari wa nje huishangaa kila uchaguzi, ina mmoja wa mababu zake hapo.

Sauti ilipofika, Nepomuceno aliikimbilia. Machi 1933 alionyesha Punyal na Guinto, inayohesabiwa kuwa filamu ya kwanza ya Kifilipino iliyosema kwa Kitagalogi tangu mwanzo hadi mwisho. Watazamaji wa Manila walikuwa wameshasikia filamu za Kimarekani zikizungumza tangu 1929. Sasa vivuli vilizungumza lugha ya nyumbani, na hakuna mtu aliyehitaji kusimama nyuma ya kitambaa tena.

Baada ya hapo kukaja kampuni kubwa, Sampaguita mwaka 1937 na LVN mwaka 1938, zenye studio, mikataba ya nyota na mashine ya kutoa filamu kama mkate. Nepomuceno aliendelea kufanya kazi, lakini mfumo ulikuwa wa watu wenye mitaji minene kuliko yake. Alifariki mwaka 1959. Mwanawe Luis alirithi kazi, na mwaka 1967 alitoa Dahil sa Isang Bulaklak.

Zilikwenda wapi?

Jibu la haraka ambalo kila mtu hutoa ni vita. Februari 1945 majeshi ya Marekani na Japani yalipigania Manila nyumba kwa nyumba kwa mwezi mzima. Raia wapatao 100,000 walikufa, na sehemu kubwa ya mji wa zamani ikawa kifusi. Chochote cha karatasi au cha mkanda kilichokuwa katikati ya mji kilikuwa na bahati ndogo sana.

Lakini vita vimebebeshwa mzigo ambao si wao pekee. Mikanda ya enzi ile ilitengenezwa kwa nitrati, jamaa wa karibu wa baruti. Ikishika moto huzalisha oksijeni yake yenyewe, hivyo huwaka hata ukiitumbukiza majini. Isipoungua huoza, na joto na unyevu wa nchi za tropiki huharakisha kazi hiyo. Kwanza picha hufifia na kuwa ya kahawia. Kisha uso wa mkanda hunata, mzunguko mmoja unagandana na mwingine. Yanatokea mapovu yenye harufu kali. Mwisho gurudumu zima linakuwa tofali, na tofali linakuwa unga wenye rangi ya kutu. Ukifungua kopo la namna hiyo humkuti Angelita wala Don Silvestre.

Na kabla ya kuoza kuna kutojali, ambako kwangu ndiko muuaji mkubwa. Sauti ilipoingia, filamu bubu ilikosa thamani mara moja. Mwenye ukumbi hakuwa na sababu ya kuionyesha, mwenye kampuni hakuwa na sababu ya kuilipia ghala. Nakala zilikuwa chache toka mwanzo, zikazungushwa ukumbi hadi ukumbi mpaka zikachakaa. Ufilipino haikuwa na hifadhi ya taifa ya filamu kwa miongo mingi. Iliyoanzishwa mwanzoni mwa miaka ya 1980 chini ya rais Ferdinand Marcos ilivunjika baada ya utawala wake kuanguka mwaka 1986, na nyingine ilisubiri hadi 2011.

Matokeo yake ni kwamba filamu ndefu za Kifilipino zilizosalia kutoka kabla ya vita unaweza kuzihesabu karibu zote kwenye vidole vya mkono mmoja. Zamboanga ya mwaka 1937 ilipatikana nje ya nchi. Giliw Ko ya 1939 ilikarabatiwa kwa msaada wa hifadhi ya Australia. Zipo Tunay na Ina, Pakiusap na Ibong Adarna. Zote hizo zina sauti. Enzi ya bubu, ambayo ndiyo enzi ya Nepomuceno, ni shimo.

Tunachokijua kimetoka pembeni: matangazo ya magazeti yenye majina ya kumbi na tarehe, picha za matangazo, maandishi ya sarsuwela yenyewe, kumbukumbu za waliokuwapo. Ndiyo maana hesabu za filamu zake hutofautiana sana kati ya mwandishi na mwandishi. Mmoja anahesabu filamu ndefu tu, mwingine anajumlisha kila kipande cha habari cha dakika chache. Ukiona idadi kubwa ya kushangaza, uliza kwanza imehesabu nini.

Hermogenes Ilagan alikuwa na mtoto wa kiume, Gerardo, ambaye ujanani alipiga piano kwenye ukumbi wa sinema Manila, akizisindikiza filamu bubu. Alisomea udaktari, akauacha kwa ajili ya kamera, na kwa jina la Gerardo de León akawa mmoja wa waongozaji wakubwa kabisa wa nchi hiyo.

Atang aliishi kuliko karibu wote. Aliolewa na Amado Hernandez, mwandishi na kiongozi wa wafanyakazi, akaimba miaka mingi, na mwaka 1987, akiwa na miaka 85, akatangazwa Msanii wa Taifa. Alifariki mwaka 1991. "Nabasag na Banga" bado uko kwenye madaftari ya waimbaji wa Ufilipino. Mwimbaji anasimama kando ya piano, anavuta pumzi, anaanza ubeti kwa mwendo anaoutaka mwenyewe. Nyuma yake hakuna kitambaa.